Jinsi ya kukisoma chuo kabla hujakilipa: fuata hela, alafu fuata siasa

Mtu akitafuta chuo maswali yake ni yaleyale, ada shingapi, kozi ina ajira au haina, na jina la chuo linajulikana au la. Sio maswali mabaya, ila majibu yake yanapangwa sehemu ambazo mwombaji hazioni kabisa: kwenye bajeti ya serikali, kwenye kanuni za mikopo, kwenye kikao cha baraza la chuo na kwenye ofisi ya masoko ya chuo (ndio, vyuo vina ofisi za masoko saivi na zina kazi kwelikweli). Kozi inaweza kufutwa ukiwa mwaka wa pili na isiwe kwasababu ni mbovu, ni waziri tu kabadilisha kanuni za viza. Ada inaweza kupanda mara tatu ndani ya serikali moja iliyoahidi haitapanda. Haya mambo yana dalili, na dalili zinasomeka, ila lazima ujue pa kuangalia.

Nimeandika kwa anayeomba chuo na kwa mzazi anayelipa, lakini hata viongozi wa wanafunzi mpite humu, maana wengi wenu mnaingia kwenye vikao mnapewa makaratasi ya bajeti alafu mnayarudisha vilevile yalivyo, hayajafunuliwa.

Anza na hela, nani anakilipa hiki chuo

Chuo chochote kinapata hela sehemu kama nne hivi: ruzuku ya serikali, ada, hela za utafiti, na hayo mengineyo yani wafadhili, hosteli, kodi za majengo, uwekezaji. Kazi yako ya kwanza ni kujua mgawanyo ukoje. Tafuta ripoti ya mwaka au hesabu zilizokaguliwa. Vyuo vya umma nchi nyingi vinatakiwa kuzitoa, na kama hamna kwenye tovuti ya chuo basi nenda kwenye ripoti za mkaguzi mkuu wa serikali, huko mara nyingi utazikuta tena zikiwa na maneno makali ambayo chuo chenyewe kisingeandika. Usiogope kurasa mia mbili. We nenda moja kwa moja kwenye jedwali la mapato, chukua la miaka mitano mfululizo na uandike pembeni kila chanzo ni asilimia ngapi ya jumla. Mwaka mmoja peke yake haukuambii kitu, unachotafuta ni mstari unaelekea wapi.

Sasa unasomaje ulichoandika? Kama ruzuku ndo kubwa, chuo kinaishi kwa kalenda ya bajeti, hela ikichelewa mishahara inachelewa, mishahara ikichelewa mgomo, mgomo ukija unamaliza digrii ya miaka mitatu kwa minne. Kama ada ndo kubwa, basi chuo kinaishi kwa idadi ya vichwa, na hapo kuna tabia utaiona kila mahali duniani: kozi zinazofundishika kwa bei rahisi zinaota kama uyoga. Biashara, utawala, uongozi wa hiki na kile, kwasababu zinataka ukumbi, projekta na mhadhiri mmoja kwa watu mia tatu, wakati kemia inataka maabara, vifaa, fundi wa maabara na vikundi vidogo. Ada inaweza kuwa inakaribiana lakini faida haifanani hata kidogo. Kwaiyo ukiona chuo kinaongeza kozi za aina moja tu kila mwaka usiseme moja kwa moja soko linazihitaji, inawezekana ni chuo ndo kinazihitaji.

Mfano mzuri wa chuo kugeuzwa na ada ni Afrika Mashariki miaka ya tisini. Huko nyuma, miaka ya themanini, Benki ya Dunia ilikuwa inasisitiza elimu ya msingi ndo inalipa zaidi kwa nchi maskini, serikali zikabana hela za vyuo, vyuo vikabaki na majengo yanayovuja. Makerere ikaanza kupokea wanafunzi wa kujilipia mwaka 1992, Chuo Kikuu cha Nairobi kikafungua mfumo sambamba wa wanaojilipia mwaka 1998, na hela kweli ziliingia, matawi yakafunguliwa kila kona. Alafu angalia kilichotokea Kenya baadae. Mwaka 2016 serikali ikakaza usimamizi na usahihishaji wa mtihani wa sekondari, waliopata alama ya kuingia chuo kikuu wakashuka karibu nusu kwa mwaka mmoja, na waliobaki wakapangiwa wote nafasi zenye ufadhili wa serikali, wengine mpaka kwenye vyuo binafsi. Nani tena ajilipie? Ule mfumo sambamba ukakauka na vyuo vikubwa vikabaki na madeni na matawi matupu. Hakuna aliyepiga kura kufuta soko la wanafunzi wa kujilipia, lilifutwa na maamuzi ya mtihani na upangaji. Hicho ndo kitu nataka ukishike: ukiambiwa chuo "kinajitegemea kwa soko", uliza hilo soko limeshikiliwa na kanuni gani ya serikali.

Kuna mstari mwingine kwenye mapato wa kuangalia kwa macho mawili, ada za wanafunzi wa kigeni. Chuo kinachowategemea sana hao kimeweka roho yake mikononi mwa idara ya uhamiaji. Januari 2024 Kanada ilitangaza ukomo wa vibali vipya vya masomo, kama 360,000 kwa mwaka huo, pungufu ya asilimia 35 ukilinganisha na 2023, na sababu kubwa zilizotajwa zilikuwa nyumba na huduma, sio elimu. Mwezi huohuo Uingereza ikawazuia wanafunzi wengi wa kigeni wa shahada za uzamili wasije na familia zao. Vyuo vilivyokuwa vimepiga hesabu ya ongezeko kila mwaka vikajikuta vinakata idara. Wanafunzi wa ndani wa hizo idara walikuwa hawana habari kwamba kozi yao ilikuwa inabebwa na ada ya mtu wa nje.

Ukimaliza mapato pitia madeni, dakika tano tu. Majengo mapya yanapendeza kwenye brosha ila uliza yamejengwa kwa hela gani. Chuo cha Laurentian huko Ontario, jimbo la Kanada, chuo cha umma kabisa, Februari 2021 kilienda mahakamani kuomba kinga dhidi ya wanaokidai, kitu ambacho huwa kinafanywa na makampuni. Aprili mwaka huohuo kikafuta programu 69 kwa mpigo na kuondoa wahadhiri zaidi ya mia, wanafunzi wakiwa kwenye kipindi cha mitihani. Mkaguzi mkuu wa Ontario alipokuja kuangalia akaonyesha kidole kwenye mikopo ya majengo iliyochukuliwa miaka ya nyuma bila mpango wa kuilipa. Na juu ya hapo siasa nayo ilikuwa imeshapita, mwaka 2019 serikali ya jimbo ilipunguza ada kwa asilimia 10 na kuigandisha. Kupunguza ada kila mtu anapiga makofi, mi pia ningepiga, lakini serikali isipojaza lile pengo linajazwa na kitu kingine, na kwa kawaida hicho kitu kingine ni idara yako.

Nani anamteua mkuu wa chuo

Hii sehemu watu wanaona haiwahusu, "mi nimekuja kusoma". Sawa. Ila tafuta sheria iliyoanzisha chuo au hati yake, soma kipengele cha baraza: wajumbe wangapi wanateuliwa na rais, waziri au gavana, wangapi wanachaguliwa na wahadhiri, wanafunzi wana kiti au wanaalikwa tu kuja kusikiliza. Alafu soma anayemteua mkuu na anayeweza kumtoa. Kama jibu la maswali yote mawili ni mtu mmoja, basi huna haja ya kusoma zaidi.

Uturuki ni darasa zuri. Walikuwa na utaratibu ambapo wahadhiri wanapiga kura kisha majina yanapanda juu mpaka kwa rais, baada ya jaribio la mapinduzi la 2016 kura zikafutwa kwa amri, rais anateua mwenyewe. Januari 2021 Chuo Kikuu cha Boğaziçi kikaletewa rekta (yani mkuu wa chuo) kutoka nje, Melih Bulu, aliyewahi kuomba kugombea ubunge kupitia chama tawala, wahadhiri wakawa wanasimama uwanjani wakiipa mgongo ofisi yake, wanafunzi wakakamatwa, na Julai mwaka huohuo rais akamwondoa kwa amri kama ile aliyomleta nayo.

Hungaria wao walitumia njia ya karatasi. Mwaka 2017 bunge likapitisha sheria kuhusu vyuo vya kigeni ambayo kiutendaji ilikigusa zaidi chuo kimoja, Central European University kilichoanzishwa kwa hela za bilionea George Soros, mwisho wake kikahamishia masomo Vienna, Austria, 2019. Na 2018 serikali ikafuta shahada za uzamili za masomo ya jinsia, na moja ya sababu ilizotoa, sikiliza hii, ni kwamba soko la ajira haliwahitaji wahitimu hao. Siasa iliyovaa koti la soko. Nchi nyingi zinatumia hili koti kwasababu ni gumu kubishana nalo, mtu akisema "hii kozi haina ajira" anaonekana anakuonea huruma. Kwaiyo kila ukisikia kozi inafutwa kwa sababu ya soko, omba namba: waliodahiliwa wangapi, gharama shingapi, wahitimu wako wapi. Namba zikiwepo jadili namba. Zisipokuwepo umeshajua unaongea na nani.

Na usidanganyike kwamba hela nyingi ndo kinga. Harvard ina mfuko wa uwekezaji unaozidi dola bilioni 50, hakuna chuo tajiri zaidi yake, na bado Aprili 2025 serikali ya Marekani ilipogandisha hela za utafiti zaidi ya dola bilioni 2 maabara zilitikisika, ikabidi waende mahakamani, na Septemba jaji akasema ule uamuzi haukuwa halali. Sehemu kubwa ya ule mfuko imefungwa kwa masharti ya waliotoa, huwezi tu kuchota ukalipa mishahara ya maabara. Kuwa na hela ni kitu kimoja, kuwa na hela unayoweza kuigusa ni kingine.

Ada na mkopo, hapa ndo usome polepole

Watu wanauliza ada ni kiasi gani. Swali la maana zaidi ni ada ya mwaka wa mwisho itakuwa kiasi gani na nani ana ruhusa ya kuibadilisha. Uliza chuo kwa maandishi: ada ya mwaka niliodahiliwa inabaki hivyo mpaka nimalize, au inafuata maamuzi ya kila mwaka? Jibu likiwa "inaweza kubadilika" basi panga bajeti yako na ongezeko ndani yake, usipange kwa ada ya mwaka wa kwanza.

Nikupe safari ya ada Uingereza (upande wa England) maana inafundisha kila kitu kwa pamoja. Kulikuwa hamna ada kwa wanafunzi wa ndani. 1998 ikaja pauni 1,000 kwa mwaka. 2006 ikawa mpaka 3,000. Uchaguzi wa Mei 2010 wagombea wa chama cha Liberal Democrats wakatia saini ahadi ya kupinga ongezeko lolote, wakaingia kwenye serikali ya mseto, na Desemba mwaka huohuo bunge likapitisha mpaka pauni 9,000 kuanzia 2012. Serikali ilikuwa inasema kiwango cha juu kitatozwa na vyuo vichache tu, ushindani utashusha bei. Haikuwa hivyo, ndani ya muda mfupi karibu vyuo vyote vilikuwa kwenye kiwango cha juu. Kwanini? Kwasababu hakuna chuo kinachotaka kuonekana cha bei rahisi, kwenye elimu watu wanasoma bei kama ubora, na pia mwanafunzi alikuwa halipi mkononi, analipa kwa mkopo wa baadae, kwaiyo tofauti ya elfu moja haimuumi siku anajaza fomu. Alafu 2017 ikafika 9,250 ikagandishwa hapo miaka kibao kwasababu hakuna mwanasiasa aliyetaka tena kuigusa, mfumuko wa bei ukaila, mpaka 2025 ilipopandishwa kidogo tu kuwa 9,535. Na lile pengo la miaka ya kugandishwa vyuo vililijaza na nini? Wanafunzi wa kigeni. Wale wale ambao uhamiaji ukaja kuwabana 2024. Ukiunganisha hivi vipande unaona mnyororo, uamuzi wa kisiasa unazaa tabia ya soko, tabia ya soko inazaa hatari, alafu uamuzi mwingine wa kisiasa unakuja kuigonga hiyo hatari.

Sio lazima iende hivyo lakini. Ujerumani baada ya uamuzi wa mahakama ya katiba wa 2005 majimbo kadhaa yalianza kutoza kama euro 500 kwa muhula, wapiga kura wakakasirika, jimbo moja baada ya jingine likafuta, la mwisho 2014. Chile, maandamano makubwa ya wanafunzi ya 2011 yalizaa elimu ya juu ya bure iliyoanza 2016 kwa wanafunzi wa nusu ya chini ya familia kwa kipato. Ada ni uamuzi, haidondoki kutoka mbinguni.

Kuhusu mkopo wenyewe, kabla ya kusaini hakikisha una majibu ya haya. Unaanza kulipa lini, ukishapata kazi au ukishamaliza masomo tu? Kuna kipato cha chini ambacho ukiwa chini yake hulipi? Australia walianza na huu mfumo wa kulipa kulingana na kipato mwaka 1989 na nchi nyingi zikaiga, na kwa kweli ukiwa na uchaguzi kati ya mkopo wa namna hiyo na mkopo wa benki wa kulipa kila mwezi uwe na kazi au huna, chukua ule wa kipato bila kufikiria mara mbili. Riba inahesabiwaje, na inaanza kukimbia ukiwa bado unasoma? Deni linafutwa baada ya miaka mingapi au halifutwi mpaka kaburini? Na swali ambalo karibu hakuna anayeliuliza: serikali inaruhusiwa kubadilisha masharti nikishasaini? England waliosaini mikopo ya 2012 waliambiwa kile kipato cha kuanzia kulipa cha pauni 21,000 kitapanda na mishahara, 2015 ikatangazwa kitagandishwa, baadae kelele zikawa nyingi kikapandishwa mpaka 25,000 mwaka 2018. Wanaoanza kuanzia 2023 wao deni linafutwa baada ya miaka 40, kabla ilikuwa 30. Marekani nako waliahidiwa kufutiwa sehemu ya madeni, Mahakama ya Juu ikazuia Juni 2023. Kwaiyo piga hesabu ya mkopo kwa masharti mabaya zaidi yanayoruhusiwa na mkataba. Ahadi za kampeni usiziweke kabisa kwenye hesabu.

Kuna kitu kingine serikali zinapenda, kutumia ada kama usukani wa kuwasukuma vijana kwenye kozi fulani. Australia 2021 walipandisha mchango wa mwanafunzi wa masomo mengi ya sanaa na jamii kwa asilimia 113, wakashusha uuguzi, ualimu na hesabu. Wanafunzi hawakuhama kihivyo, walibaki kwenye wanachokipenda ila na deni kubwa zaidi, na tathmini ya 2024 iliyoagizwa na serikali yenyewe ikapendekeza mfumo urekebishwe haraka. Ukikutana na punguzo la namna hii usichague kozi kwasababu imeshushwa bei tu, maana bei inaweza kurudi ila wewe miaka yako hairudi.

Tangazo la "kozi yenye ajira"

Hapa kuna mtego wa muda. Unachagua leo, unahitimu baada ya miaka mitatu minne au zaidi, na wenzako wote wamesoma tangazo lilelile siku moja na wewe. Mchumi Richard Freeman alilionyesha hili kwa wahandisi wa Marekani tangu miaka ya sabini: mishahara ikipanda wanajazana, wanahitimu kwa pamoja, soko linajaa, mishahara inashuka, wanaofuata wanakimbia, alafu upungufu unarudi. Kompyuta ilipita njia hiyohiyo baada ya mtikisiko wa makampuni ya intaneti 2001, madarasa yakawa matupu, na waliobaki kusoma wakati wenzao wanakimbia wakaja kuhitimu soko likiwa linawatafuta. Sikuambii ukimbilie kilichokimbiwa, nakuambia usiangalie mahitaji ya leo peke yake, uliza wangapi wako darasani sasa hivi nchi nzima kwa hiyo kozi. Tume au mamlaka ya vyuo huwa ina hizo namba za udahili.

Chuo kikikuambia "asilimia 95 ya wahitimu wetu wana ajira" rudisha maswali manne kwa barua pepe ili yabaki kwenye maandishi. Waliojibu dodoso walikuwa wangapi kati ya waliohitimu wote? Ajira ni ya aina gani, inayohitaji hiyo digrii au yoyote ile? Ya muda wote au vibarua? Imepimwa baada ya miezi mingapi? Marekani 2011 na 2012 wahitimu wa sheria walivishtaki vyuo kadhaa kwa takwimu za namna hii, kesi nyingi walishindwa, lakini kelele zile zilifanya chama cha wanasheria kinachotoa ithibati kikaze masharti ya kutangaza ajira. Kwaiyo kuuliza kunasaidia hata wanaokuja nyuma yako.

Vyuo vya kibiashara navyo viangalie kwa jicho hilihili, na usidhani "binafsi" maana yake hamna hela ya serikali. Marekani kuna kanuni inayoruhusu chuo cha faida kupata mpaka asilimia 90 ya mapato kutoka misaada ya serikali kuu kwa wanafunzi, na kwa miaka mingi hela za masomo za wanajeshi zilikuwa hazihesabiwi humo, ndo maana wanajeshi walikuwa wanawindwa kwa matangazo kuliko mtu yeyote, mpaka sheria ilipobadilishwa 2021. Corinthian Colleges ilikuwa moja ya makampuni makubwa ya hiyo biashara, serikali ilipoibana hela haikumaliza hata mwaka, Aprili 2015 ikafunga milango wanafunzi kama 16,000 wakiwa bado madarasani. Soko gani hilo ambalo mteja wake mkuu ni serikali?

Orodha za vyuo bora

Fupi tu. Orodha ya dunia ya Shanghai ilianza 2003 na inapenda tuzo za Nobel na makala za kisayansi, haijawahi kupima kama mhadhiri anafundisha vizuri. Nyingine zinategemea sana kuuliza maprofesa wanaonaje jina la chuo fulani. Na namba nyingi zinaletwa na vyuo vyenyewe: Chuo Kikuu cha Columbia huko Marekani kilikuwa cha pili kwenye orodha ya jarida la U.S. News, profesa wao wenyewe wa hisabati Michael Thaddeus akazipitia namba akaonyesha haziendani, na 2022 chuo kikajikuta cha 18. Majengo yaleyale, walimu walewale. Tumia orodha kujua chuo kipo na ni cha kweli, na kama unataka kufanya utafiti angalia orodha ya fani yako sio ya chuo kizima. Basi.

Nani atakufundisha

Uliza idara yako ina wahadhiri wangapi wa ajira ya kudumu na wangapi wa mkataba wa muhula. Marekani karibu theluthi mbili ya wanaofundisha hawako kwenye njia ya ajira ya kudumu, na hali inaelekea hukohuko sehemu nyingi kwasababu mtu wa mkataba ni rahisi kumpunguza idadi ikishuka. Wengi wao ni walimu wazuri sana, tatizo sio wao, tatizo ni kwamba anayefundisha vyuo vitatu kwa wiki hana ofisi, hana muda wa kusimamia tasnifu yako, na mwakani ukihitaji barua ya mapendekezo hujui umtafute wapi. Idara yenye wa kudumu wawili tu, mmoja anakaribia kustaafu, hiyo ni taarifa.

Ukiona kozi yako inaelekea kufungwa

Dalili huwa zinakuja kwa mpangilio unaofanana. Kinaanza kitu kinaitwa uhakiki wa programu, mara nyingi na kampuni ya ushauri kutoka nje. Wanaostaafu hawajazwi. Idara mbili zinaunganishwa. Inawekwa idadi ya chini ya wanafunzi ili somo lifundishwe. Chuo Kikuu cha West Virginia huko Marekani kilikuwa na pengo la bajeti la dola milioni 45, Septemba 2023 bodi ikapitisha kufuta programu 28 na nafasi 143 za wahadhiri, lugha za kigeni zikapigwa vibaya, na yote hayo yalitanguliwa na uhakiki uliokuwa wazi kwa yeyote anayesoma matangazo ya chuo.

Ukifika hapo usisubiri tetesi za kwenye magrupu. Andika barua kwa mkuu wa idara na nakala kwa msajili, uliza moja kwa moja: waliopo watafundishwa mpaka wamalize au hapana, na kwa utaratibu gani. Mamlaka nyingi za ithibati zinadai chuo kiwe na mpango wa kuwamaliza waliopo, kwaiyo taja hilo kwenye barua, na jibu likija la mdomo omba la maandishi. Muulize pia anayetoa mkopo wako nini kinatokea kwa deni chuo kikifunga, maana sehemu nyingine linafutwa ukiomba ndani ya muda fulani na ukichelewa limekula kwako.

Wakati huohuo chukua nakala rasmi ya matokeo yako ya kila muhula, usisubiri mwisho. Na shusha mitaala ya kila somo ulilolisoma, ile yenye mada, saa na vitabu, ihifadhi sehemu mbili tofauti, kwasababu chuo kingine kikikupokea kitataka kulinganisha somo kwa somo, na tovuti ya idara iliyofutwa huwa inazimwa mapema kuliko unavyodhani.